Mistari Inayocheza Gizani: Juu ya Filamu Moja ya Len Lye

Wahenga walisema kwamba macho hayana pazia. Maana yake ni kuwa jicho likiwa wazi halichagui. Hupokea zuri na baya, la kutazamwa na lisilotazamwa, kama mlango usio na bawabu. Katika mambo ya adabu methali hii ni kweli tupu. Katika sanaa ya picha ni nusu ya kweli, kwa sababu jicho ni mlango na ni fundi pia. Hupokea vipande vilivyotawanyika, likaviunga, likatengeneza kitu ambacho hakikuwapo. Iko filamu moja fupi inayotuonyesha fundi huyu akiwa kazini, nayo ndiyo ninayokusudia kuichambua mbele yako, ewe msomaji, kwa uzuri wake na kwa deni lake.

Filamu hiyo huitwa Free Radicals. Mtungaji wake ni Len Lye, aliyezaliwa Christchurch, New Zealand, mwaka 1901, na kufariki Marekani mwaka 1980. Aliitoa mwaka 1958, akairudia na kuifupisha mwaka 1979, na sasa huchukua dakika nne hivi. Ndani yake hamna mtu, hamna nyumba wala mti. Hamna wahusika wanaozungumza, wala kisa chenye mwanzo na mwisho. Rangi ni mbili tu, weusi wa usiku na weupe wa radi. Mistari myeupe hutokea gizani, hutetemeka, hujipinda, huzunguka, hupotea. Mingine hushika mahali pake. Na muda wote huo ngoma inalia. Hayo ndiyo yote yaliyomo.

Bila shaka utauliza: hiyo ni filamu ya namna gani? Swali lako ni la haki, na kila mtu aliyezoea sinema za mapigano na mapenzi huuliza hivyo hivyo. Lakini kabla ya kuhukumu yafaa tujue kwanza jinsi kitu chenyewe kilivyotengenezwa, maana hakimu asiyesikiliza ushahidi hawezi kukata shauri sawasawa.

Filamu ya kawaida hupigwa kwa kamera. Utepe hupita nyuma ya lenzi, mwanga ukaacha alama zake juu ya utando wa kemikali, na utepe ukitiwa dawa picha hutokea. Lye hakutumia kamera. Alichukua utepe uliokwisha kuwa mweusi wote, wenye upana wa milimita 16, akaukwaruza kwa vitu vyenye ncha: sindano, meno ya msumeno, vichwa vya mishale. Kila palipokwaruzwa utando mweusi ulitoka, ikabaki seluloidi safi inayopitisha mwanga. Utepe ulipowekwa katika projekta, mwanga wa taa ulipenya katika mikwaruzo ile, ukaangukia kiwambo ukiwa mistari myeupe. Kwa hiyo mstari unaouona si picha ya mstari mwingine uliochorwa mahali fulani. Ni mwanga wenyewe, unaopita katika jeraha la utepe.

Fikiri juu ya ugumu wa kazi hiyo. Katika filamu yenye sauti, picha 24 hupita kila sekunde. Dakika nne ni sekunde 240, yaani picha 5,760. Kila picha katika utepe wa namna ile ina upana wa milimita 10 na ushei tu. Ikionyeshwa juu ya kiwambo cha mita tatu hukuzwa karibu mara 300, na kosa la unene wa unywele, tuseme sehemu ya kumi ya milimita, huwa kosa la sentimita tatu hivi mbele ya watu. Lye mwenyewe alieleza kwamba alijinyonganyonga mwili mzima mpaka nguvu ikakusanyika mabegani na usahihi ukashuka vidoleni, ndipo akaivuta sindano kwa ghafula juu ya seluloidi. Yaweke maelezo hayo moyoni, kwa kuwa tutayahitaji tutakapofika kwenye habari ya ngoma.

Wala hakuwa mgeni katika kazi ya kutengeneza filamu bila kamera. Tangu ujana wake alikuwa akifikiri kwamba, ikiwa sauti zaweza kutungwa zikawa muziki, basi mwendo nao waweza kutungwa. Alikaa Samoa kwa muda, akajifunza sanaa za watu wa Pasifiki, kisha akafika London mwaka 1926. Mwaka 1935 alitoa A Colour Box, filamu aliyoipaka rangi moja kwa moja juu ya utepe. Ilionyeshwa katika majumba ya sinema ya Uingereza kwa niaba ya Idara ya Posta, na ndani yake mlitiwa maneno ya kutangaza bei nafuu ya kupeleka vifurushi. Ile ilikuwa filamu ya shangwe, imejaa rangi kama soko la siku ya sikukuu. Mwaka 1944 alihamia New York, na huko ndiko alikotunga Free Radicals, ambayo ni kinyume kabisa cha ile ya kwanza. Mtu aliyewahi kuwa na rangi zote mkononi aliziweka kando, akabaki na sindano na giza. Mwaka huo huo wa 1958 filamu hii ilipata tuzo ya pili katika mashindano ya kimataifa ya filamu za majaribio huko Brussels, Ubelgiji. Na mwaka 2008 Maktaba ya Bunge la Marekani iliitia katika orodha ya filamu zinazostahili kuhifadhiwa.

Jina lake limetoka katika kemia. Wakemia hulitumia kwa chembe za maada zenye elektroni iliyokosa mwenzake, ambazo kwa ajili ya upungufu huo hazitulii, bali hutafuta upesi kitu cha kushikamana nacho. Ni jina lililochaguliwa vyema. Mistari ya Lye haitulii. Kila mmoja unaonekana kama uliotoka kwa wenzake na unatafuta pa kushika.

Sasa tuje kwenye jicho. Utepe wa filamu hauna mwendo wowote ndani yake. Ukiunyoosha mezani utaona picha ndogo zilizopangwa mstari, kila moja imekufa kama jiwe. Projekta huisimamisha kila picha mbele ya taa kwa kitambo kidogo, kisha huuziba mwanga wakati inapovuta picha ya pili. Kwa hiyo mtazamaji hukaa gizani kwa sehemu kubwa ya muda wake naye hajui. Hapo kale watu walieleza jambo hili kwa kusema kwamba picha hubaki kidogo jichoni mpaka nyingine ikaja. Lakini maelezo hayo hayatoshi. Kama picha zingebaki tu, zingerundikana moja juu ya nyingine, nasi tungeona fujo badala ya mwendo.

Mwaka 1912 mwanasaikolojia Max Wertheimer, aliyefanya majaribio yake Frankfurt, Ujerumani, alitoa maelezo bora zaidi. Aliwaonyesha watu mistari miwili, mmoja baada ya mwingine, kila mmoja mahali pake. Muda kati yao ulipokuwa mrefu, watu waliona mistari miwili inayofuatana. Ulipokuwa mfupi mno, waliona yote miwili pamoja. Lakini ulipokuwa wa kadiri, karibu sehemu sita katika mia za sekunde, waliona mstari mmoja tu, nao unasogea kutoka mahali hapa mpaka pale. Hakuna kilichosogea. Mwendo ulitungwa na mtazamaji mwenyewe, jicho na ubongo wake vikishirikiana.

Tazama sasa jinsi jaribio la Wertheimer lilivyo karibu na kazi ya Lye. Mstari mweupe, giza, mstari mweupe mahali pengine. Tofauti ni kwamba mwanasaikolojia aliuliza swali moja akapata jibu moja, na msanii aliuliza maelfu kwa mpango, moja baada ya jingine, akafanya ngoma kwa majibu ya macho yetu.

Iko ajabu ya pili, kubwa kuliko ya kwanza. Katikati ya filamu mistari iliyojikunja hugeuka kana kwamba inauzunguka mti uliosimikwa gizani. Unaona upande wake wa mbele, kisha unaona ukienda nyuma, kisha ukirudi. Kiwambo ni bapa na utepe ni bapa. Hapana nyuma ya kwenda wala mbele ya kurudi. Hata hivyo huwezi kujizuia kuona kina. Mwaka 1953, miaka mitano kabla ya filamu hii, Hans Wallach na D. N. O'Connell walichapisha huko Marekani uchunguzi juu ya jambo la namna hii hii. Walichukua waya uliopindwa, wakautupia mwanga, wakawaonyesha watu kivuli chake tu. Kivuli kilipotulia kilikuwa mchoro bapa. Waya ulipozungushwa, kivuli kilionekana mara moja kuwa kitu chenye unene, kinachogeuka hewani.

Huna haja ya kuniamini mimi wala wao. Pinda waya wowote upendavyo, uushike kati ya tochi na ukuta wakati wa usiku, umwombe mwenzako atazame kivuli tu. Usiuzungushe kwanza, nawe umwulize anaona nini. Kisha uzungushe polepole kwa vidole viwili. Mwenzako atakuambia kwamba ukuta umefunguka. Mimi huwapa wanafunzi wangu wa ualimu zoezi hili kabla ya kuwaonyesha filamu, kwa sababu mtu aliyekwisha kuona ukuta ukifunguka haulizi tena kwa dharau mistari mitupu yaweza kufanya nini.

Hata hivyo, kujua jinsi jicho linavyofanya kazi si kuthibitisha kwamba filamu ni nzuri. Mazingaombwe nayo hulidanganya jicho, wala hatuyaiti sanaa kwa sababu hiyo peke yake. Basi tulirudie swali lako la kwanza: kitu kisicho na kisa twakihukumu kwa kipimo gani?

Ukitazama nyumbani mwenu utaona kwamba unacho kipimo hicho tayari. Mkeka wa rangi hauna kisa. Mtu hatazami ukili mwekundu unaopishana na mweupe akauliza ni nani aliyekufa na ni nani aliyeoa. Lakini kila mtu hujua mkeka uliosukwa vizuri na mkeka uliovurugwa. Kanga ina jina lililoandikwa, nalo hulisoma. Lakini pindo lake na mji wake hupimwa kwa jicho, na mama anayenunua dukani huupima upatano wa vitu hivyo viwili kabla hajauliza bei. Twauliza kama sehemu zimepatana, kama kila moja ina sababu ya kuwapo, na kama macho hupata pa kupumzikia na pa kushangaa. Maswali hayo hayo ndiyo yanayoifaa filamu ya namna hii.

Kwa kipimo hicho, sifa ya kwanza ya Free Radicals ni uchache wake. Lye angeweza kukijaza kiwambo, lakini mara nyingi sehemu kubwa ya picha ni giza tupu, na ndani yake mstari mmoja au kichaka kidogo cha mistari. Kwa sababu hiyo kila mstari una uzito. Ukitikisika kidogo tu, umebadilisha kila kitu kinachoonekana.

Sifa ya pili ni namna unavyobadilika mwendo wenyewe. Mistari haichezi kwa namna moja tangu mwanzo hata mwisho. Mara husimama wima ikitetemeka, mara huvunjika ikawa vipande vifupi kama mvua ya mawe, mara hujikusanya na kuzunguka. Jicho linapozoea jambo moja tu huletewa la pili, na linapokaribia kuchoka la kwanza hurudi likiwa limegeuka kidogo. Mtu asiyejua lolote juu ya sanaa huuhisi mpango huu, kama vile anavyohisi kwamba mwimbaji anakaribia kiitikio.

Sifa ya tatu ni giza lenyewe. Katika filamu nyingi giza ni kukosekana kwa picha. Hapa giza ni kama mahali, pana upana na kina, nasi hatujui mstari unaofuata utatokea upande gani. Kutojua huko ndiko kunakotufanya tuinuke kidogo katika viti vyetu.

Ili kuiona vyema filamu hii yafaa kuilinganisha na wenzake wawili. Mwaka 1963 Mmarekani Stan Brakhage alitoa Mothlight. Yeye naye hakutumia kamera. Alibana mbawa za nondo, majani na petali kati ya tepe mbili zinazopitisha mwanga. Ni filamu ya huzuni na ya huruma, kwa sababu wadudu waliokufa huonekana kama wanaruka tena. Lakini humo daima twakitambua kitu, ubawa au mshipa wa jani, na kumbukumbu zetu hulisaidia jicho. Lye hakujipa msaada huo. Mwaka 1966 Mmarekani mwingine, Tony Conrad, alitoa The Flicker, filamu ya karibu nusu saa iliyojengwa kwa picha nyeupe tupu na nyeusi tupu zinazopishana upesi. Watazamaji wengi huona humo rangi na maumbo ambayo hayamo kabisa katika utepe. Jambo hilo ni la kustaajabisha. Lakini filamu yenyewe huanza kwa onyo, kwa kuwa mwanga unaometameta hivyo waweza kumtia mtu mwenye kifafa katika hatari. Conrad hulishambulia jicho akangoja aone litafanya nini. Lye hulialika jicho kucheza. Twaweza kuwaheshimu wote wawili, lakini nadhani ni rahisi kusema ni mwenyeji yupi tungependa kurudi nyumbani kwake. Nami nakuonya vilevile, kama wewe au mwenzako husumbuliwa na mwanga unaometameta, usiitazame hata filamu ya Lye kabla ya kuuliza wanaohusika na afya yako.

Nimesema mwanzo kwamba filamu hii ina deni. Sasa nataka kulieleza, maana hapa ndipo sisi wasomaji wa Afrika tunapokuwa na neno la kusema ambalo wahakiki wa Ulaya na Marekani hawakulikazia sana.

Ngoma inayolia katika Free Radicals ni ya Afrika. Ni rekodi ya watu wa Bagirmi, na jina hilo la kabila limewekwa katika maandishi ya filamu. Bagirmi ilikuwa dola ya kifalme kusini-mashariki ya Ziwa Chad, iliyoanza katika karne ya 16. Ilikuwa na mji mkuu wake, Massenya, na watawala wake walisilimu. Nchi yake leo imo katika Jamhuri ya Chad. Filamu haitwambii lolote juu ya hayo. Wapigaji twawajua kwa jina la kabila lao tu, lakini mkono uliokwaruza utepe una jina la mtu, tarehe ya kuzaliwa, na tangu mwaka 2015 jumba zima la kuhifadhia kazi zake huko New Plymouth, New Zealand. Sisemi kwamba jumba hilo halikustahili kujengwa. Nasema tu kwamba katika kazi iliyofanywa na mikono ya watu kadhaa, ni mkono mmoja uliohesabiwa.

Mtu aweza kujibu kwamba rekodi nyingi za wakati ule zilifanywa hivyo, na kwamba Lye alipata alichopewa. Ni kweli. Lakini liko jambo la ndani zaidi kuliko majina. Lye aliamini kwamba sanaa ya kweli hutoka katika kile alichokiita ubongo wa kale, yaani sehemu ile ya ubongo inayouongoza mwili kabla ya maneno na hesabu, na aliona kwamba sanaa za makabila zilikuwa karibu na chemchemi hiyo kuliko sanaa za miji mikubwa. Alisema hayo kwa mapenzi, wala hakuwa mtu wa kudharau. Wakati ambapo wengi waliziita sanaa hizo ushenzi, yeye aliketi akajifunza kwazo. Hata hivyo mapenzi nayo yaweza kukosea njia. Mtu akikusifu kwamba wacheza vizuri kwa sababu hufikiri, amekunyima nusu ya sifa yako.

Sikiliza ngoma yenyewe, ewe msomaji, ukifumba macho. Yako mapigo yanayoshika mahali pamoja wala hayatoki, na yako mengine yanayokwenda na kurudi juu yake. Wewe uliyekulia karibu na ngoma wajua jambo hilo hupatikana vipi. Mtoto hapewi ngoma kubwa siku ya kwanza. Hupewa pigo moja dogo, akaambiwa alishike, na akilipoteza hucheka watu. Hukaa nalo mpaka wakubwa wamwamini. Ndipo afundishwe kulisikia pigo la jirani bila kuliacha lake, na baada ya muda mrefu ndipo apewe ruhusa ya kutoka na kurudi. Hiyo ni elimu, yenye mwalimu, zoezi, mtihani na aibu ya kushindwa. Mwili umo, lakini ni mwili uliosomeshwa.

Sasa yakumbuke yale maelezo niliyokuambia uyaweke moyoni. Lye alijinyonganyonga mpaka usahihi ukashuka vidoleni. Usahihi huo ulitoka wapi? Ulitoka katika miaka zaidi ya ishirini ya kufanya kazi moja kwa moja juu ya utepe, tangu A Colour Box, kwa mkono uliojifunza ni nguvu kiasi gani hutosha kung'oa utando na kiasi gani hukata seluloidi. Naye alipokwisha kukwaruza ilimbidi achague, apange, na kuipatanisha mistari na ngoma. Kwa hiyo kazi yake yenyewe inaikanusha nadharia yake. Filamu hii ni nzuri kwa sababu ile ile inayoifanya ngoma ya Bagirmi kuwa nzuri: pande zote mbili kuna watu waliozoeza miili yao mpaka fikira ikaingia mkononi. Hawakukutana kwa sababu mmoja aliacha ustaarabu na mwingine hakuufikia. Walikutana kama mafundi wawili wanavyokutana, kila mmoja na kazi yake, ijapokuwa mmoja wao hakuulizwa.

Lugha yetu ina neno linalosaidia hapa. Twaita kiwambo ile ngozi iliyowambwa juu ya mzinga wa ngoma, na twaita kiwambo vilevile kitambaa kinachowambwa ili kuangushiwa picha. Sijui neno jingine linaloieleza filamu hii vizuri zaidi. Viko viwambo viwili humo, kimoja kinapigwa kwa mkono na kimoja kinapigwa kwa mwanga, na uzuri wote umo katika kusikilizana kwao. Ukizima sauti ukatazama mistari peke yake, bado ina mwendo, bado ina kina, lakini huonekana kama inayotafuta. Ukiirudisha sauti, mistari ile ile huonekana kama inayojua inakokwenda. Uhakika huo umetoka kwa wapigaji. Mhakiki mwadilifu hana budi kuuandika katika hesabu yao.

Je, deni hili laiharibu filamu? Kwa maoni yangu, haliiharibu, ila latutaka tuitazame kwa macho yote mawili. Wako watakaosema kwamba kwa kuwa wapigaji hawakutajwa, filamu itupwe. Ikitupwa, ngoma nayo itatupwa pamoja nayo, na wale wapigaji watakuwa wamesahauliwa mara ya pili. Wako wengine watakaosema kwamba sanaa ni sanaa, habari za majina ni za makarani. Hao nao hawajawahi kufanya kazi ikaitwa ya mwingine. Njia iliyo bora ni kuisifu filamu kwa uzuri wake wote, na kila tunapoisifu kusema pia ngoma ilitoka wapi, mpaka habari hiyo iwe sehemu ya jina lake.

Jambo la mwisho ni la manufaa kwako wewe uliye shuleni. Filamu hii huonekana siku hizi hata katika kompyuta, lakini ukiitazama hivyo kitu fulani hupungua. Kioo cha kompyuta ni kidogo, chumba kina mwanga, na lile giza nililolisifu huwa weusi wa kawaida tu. Ikiwezekana, tafuteni projekta, mfunge madirisha, mkawambe shuka jeupe ukutani. Itazameni mara tatu. Mara ya kwanza na sauti yake, bila kuuliza maana. Mara ya pili bila sauti, mkihesabu ni mara ngapi mistari hubadilisha namna ya kucheza. Mara ya tatu msitazame kabisa. Geukeni, mwisikilize ngoma peke yake, na mmoja wenu apige pigo lile lisilotoka mahali pake juu ya meza, aone kama anaweza kulishika mpaka mwisho.

Wengi watalipoteza katika dakika ya kwanza. Na atakayelipoteza atakuwa amejifunza juu ya wapigaji wa Bagirmi jambo ambalo maandishi ya filamu hayakumwambia.